Njaa ya Mlishi

Semeni Mbaruku, mkulima wa uyoga wa Lushoto, alikwenda Umeta na akarudi. Namna alivyokwenda hakuwahi kuieleza, na wanaomfahamu wameshachoka kumuuliza. Ukimbana sana atakwambia kwamba huko jua ni dogo na lina rangi ya embe bivu, kwamba mwezi haupo kabisa, na kwamba kinywaji chao cha asubuhi hakina ladha ya kitu chochote. Halafu ataendelea kufunga mifuko yake ya uyoga. Lakini ukimtajia Mlishi ataacha kazi, atatafuta kigoda, akae. Haya ninayoyasimulia ni yale aliyoyasema akiwa amekaa.

Umeta ni nchi tambarare, na chini ya nchi yote amelala kiumbe mmoja. Si mnyama wala si mti. Ni wa ukoo wa uyoga, ila huyu alianza kukua kabla watu hawajafika, akatandaza nyuzi zake nyeupe ardhini hadi ukitoka ukingo mmoja kwenda wa pili utatembea siku kumi na mbili, na muda wote huo uko juu ya mgongo wake. Asubuhi, jua likichomoza, ardhi hupanda kidogo, kiasi cha vidole viwili. Jioni hushuka. Siku ya kwanza Semeni alivua viatu akasimama uani kwa watu, na hakuhitaji kuambiwa kwamba kilichokuwa chini ya nyayo zake kinapumua.

Wameta hawalimi. Mlishi ndiye anayewalisha. Kila siku huchomoza uyoga uani kwa kila mwananchi, nao huchuma, hupika, hukausha wa akiba. Hakuna mtu huko aliyewahi kushika jembe, na neno lenyewe hawana. Kwa hiyo wanampenda Mlishi, na Semeni hulirudia jambo hili kwa sababu wasikilizaji wengi hutaka kulicheka: wanampenda kwa dhati, bila unafiki. Ni kwa ajili ya mapenzi hayo kwamba mababu zao walitunga Sheria ya Usafi.

Sheria yenyewe ni fupi. Kitu chochote kilichokufa, kinachooza au kitakachooza kisiguse mgongo wa Mlishi. Basi. Ni maelezo yake ndiyo yaliyojaza majumba matatu ya vitabu.

Chini ya kila mti huko Umeta husimama mtu mwenye kitambaa cheupe alichokikunjua kwa mikono miwili, anaangalia juu. Huyo ni mdaka majani. Jani likidondoka hulidaka kabla halijagusa chini, hulikunja, hulitia kikapuni. Mdaka majani aliyekosa jani husimama kwa mguu mmoja hadi jua litue, ili nchi iguswe na nusu tu ya aibu yake. Watu hutembea na vikopo shingoni vya kutemea mate. Wakikutana hawaulizani hali. Mmoja hunyanyua viganja na kuuliza, "Mikono?" Mwingine hujibu, "Safi." Kisha, "Nyayo?" na hapo kila mmoja hunyanyua mguu aonyeshe, hata wazee wa kushikiliwa mabegani. Semeni alianguka mara mbili kabla hajaizoea salamu hiyo.

Uchafu wote, maganda, majani, nywele, kucha, hupelekwa Jabali la Mwisho, mwamba mtupu ulio ukingoni mwa nchi, ambako Mlishi hafiki. Wachukuzi wanaoupeleka hufungwa vitambaa machoni ili uchafu usiwaingie kwa njia ya kuonekana, wakaenda wakishika kamba iliyofungwa kutoka mjini hadi juu ya mwamba. Na wafu nao hupelekwa huko. Wameta hawana makaburi. Wana Jabali.

Mwenyeji wa Semeni alikuwa mkaguzi wa wadaka majani wa mtaa mzima, bwana mmoja mpole, mwembamba, jina lake Paluma. Aliishi na mama yake, Bi Keto, katika nyumba iliyoinama. Mlango wa mbele haukufungika. Bakuli lilipowekwa mezani liliteleza lenyewe hadi kwa mtu aliyekaa upande wa magharibi, naye ndiye aliyekula kwanza. Nyumba zote za mtaa zilikuwa hivyo, kwa maana ardhi ilikuwa inabonyea. Pumzi ya asubuhi, ambayo zamani ilikuwa vidole vinne, sasa ilikuwa viwili. Na uyoga ulioota uani kwa Paluma ulikuwa mdogo kama vifungo vya shati.

"Kuna uzembe mahali fulani," Paluma alimweleza Semeni, kwa sauti ya mtu anayejituhumu mwenyewe. "Kuna mtu hafagii. Mlishi ameudhika. Mimi mtaa wangu nafagia mara mbili kwa siku, lakini labda haitoshi."

Bi Keto alikuwa mgonjwa, amelala kwenye kitanda kilichotiwa mawe chini ya miguu miwili ili asiviringike. Mwili ulikuwa umekwisha lakini ulimi bado.

"Nasikia huko kwenu unafuga vilishi vidogo," alimwambia Semeni mchana mmoja.

"Sisi tunauita uyoga, mama. Naufuga kwenye mifuko, bandani."

"Na hiyo mifuko mnaifagia mara ngapi?"

Semeni alicheka. "Mifuko haifagiliwi, mama. Natia humo mabua yaliyovunda, pumba, majani makavu ya migomba. Uyoga hauli hewa. Unakula kilichokufa. Usipoulisha, nao haukulishi."

Paluma alikuwa anapita na sinia. Sinia lilimtoka. Aliliokota, akalifuta, akaenda kuurudishia ule mlango usiofungika, kisha akarudi akasema polepole, "Dada, wewe ni mgeni wangu na nakuheshimu. Maneno hayo usiyarudie ndani ya nyumba hii."

"Mwache aseme," Bi Keto alisema. "Bibi yangu, mtu akifa, alikuwa akisema 'fulani amekwenda kulisha'. Sisi watoto tulidhani uzee unamsumbua. Hebu niambie, Paluma. Katika vile vitabu vyenu, maiti ameandikwa wapi?"

"Mama, pumzika."

"Nitapumzika sana tu. Ameandikwa wapi?"

"Kifungu cha tisa," Paluma alisema. "Baada ya maganda, kabla ya mizoga ya panya."

"Haya. Nimekuzaa. Nimekunyonyesha. Nimekufundisha kutembea juu ya mgongo huu huu wa Mlishi. Niambie basi na wewe, mwanangu, mimi ni takataka?"

Paluma alifungua kinywa. Alikuwa mkaguzi, na jibu la sheria alilijua. Lakini alikuwa pia mtoto wa mtu, akakifunga kinywa chake bila kusema lolote. Bi Keto alimwangalia kwa muda, halafu akageukia ukutani. Semeni anasema hajawahi kuona mtu mzima akikosa pa kuiweka mikono yake kama Paluma siku ile.

Huenda ni kwa sababu ya lile swali kwamba Paluma, siku mbili baadaye, aliomba mgeni wake asikilizwe mbele ya Baraza la Ufagio. Mwenyekiti wa Baraza ni Msafi Mkuu, na Msafi Mkuu wa wakati huo alikuwa Ndavo, mzee mwenye sauti laini na kucha zinazong'aa, ambaye hakuwahi kumkatiza mtu, wala kumsikia.

Baraza lilikuwa katikati ya mjadala ulioanza miaka tisa nyuma. Swali lilikuwa hili: jani huwa chafu wakati gani? Kambi ya Tawini ilisema linakuwa chafu pale linapoanza kugeuka manjano, likiwa bado juu. Kambi ya Hewani ilisema, la, jani ni safi hadi liachane na tawi. Mjumbe mmoja wa Tawini alilia kwa kwikwi akieleza jinsi kivuli cha jani la manjano kinavyoanguka juu ya Mlishi mchana kutwa, na hakuna wa kukidaka. Watu waliguswa sana.

Semeni aliitwa. Alisimama, akaonyesha mikono, akaonyesha nyayo, akasema kwa ufupi kwa sababu hakuwa mtu wa hotuba.

"Waheshimiwa, mimi kazi yangu ni uyoga. Uyoga ukianza kutoka mdogo, mimi siulizi nani ameukosea. Naangalia mfuko. Nikikuta mfuko umeliwa ukaisha, najua una njaa. Huyu wenu hana hasira. Ana njaa. Kila chakula chake mnakidaka kabla hakijamfikia."

 Ndavo alitabasamu, akamshukuru mgeni kwa kutoka mbali, akasema kwamba Baraza linathamini mawazo ya aina zote, yakiwemo yale yanayotia kichefuchefu, na akaunda kamati. Wajumbe walikwenda kula. Semeni aliona kwamba uyoga wa mezani kwao haukuwa wa vifungo vya shati. Ulikuwa wa akiba, wa miaka ya nyuma, vipande vipana vya kushikwa kwa mikono miwili.

Baada ya chakula kamati ilitoa taarifa. Ilikubaliana na mgeni kwamba Mlishi anadhoofika. Ilikubaliana naye kwamba sababu ni majani. Kwa hiyo iliazimia kwamba ufagiaji uwe mara tatu kwa siku, na kwamba kuanzia msimu ujao miti yote ipukutishwe ingali mibichi, jani lisipate hata nafasi ya kuzeeka. Kambi zote mbili zilipiga makofi, zikakumbatiana. Ilikuwa mara ya kwanza kwa miaka tisa.

"Wamenisikia au hawakunisikia?" Semeni alimuuliza Paluma njiani.

"Wamekusikia," Paluma alisema. "Wamekusikia kwa namna yetu."

Bi Keto alifariki siku ya nne baada ya hapo, asubuhi, wakati ardhi ikipanda. Paluma alikuwa amemshika mkono. Kwa desturi ya Umeta, mfiwa hupeleka habari kwa wachukuzi, nao hufika adhuhuri na kapu refu la ukindu na vitambaa vyao vya macho. Paluma alituma habari kama inavyotakiwa. Kisha alikaa chini mkabala na kitanda. Aliinuka, akazunguka chumba, akakaa tena.

"Aliniuliza swali nikanyamaza," alisema. "Ameondoka anadhani nilikuwa na jibu lile."

 Kuna maneno ambayo mgeni hapaswi kuyasema katika nyumba ya watu, na Semeni alishasema ya kutosha.

"Wewe mifuko yako," Paluma aliuliza, "unatia chini kiasi gani?"

"Kwa mtu ni kina cha kiuno. Tunamlaza ubavu."

Jembe halikuwepo, wala koleo. Walichimba kwa upawa, kwa kifuniko cha sufuria, na mwisho kwa mikono, palepale chumbani kitanda kilipokuwa. Paluma alilia tangu upawa wa kwanza, kwa maana alikuwa anatoboa mgongo wa yule aliyemlisha maisha yake yote. Udongo ulikuwa mkavu, mwepesi, kama mfuko uliokwisha. Walipofika kina cha goti walizikuta nyuzi za Mlishi. Zilikuwa za kijivu, nyembamba, zimejikunyata. Semeni alipoziona alijisikia vibaya kama mtu aliyeingia banda la jirani akakuta mbuzi wamefungwa bila majani. Hakuthubutu kuchimba zaidi. Walimteremsha Bi Keto taratibu, wakamlaza juu ya nyuzi zile, Paluma akamfunika kwa mikono yake mwenyewe.

Wachukuzi walipobisha hodi, Paluma aliwatokea mlangoni.

"Mama ameshakwenda," aliwaambia.

Wachukuzi, kwa kuwa Jabali lilikuwa mbali na jua lilikuwa kali, hawakuuliza amekwenda na nani. Walimpa pole, wakageuka na kapu lao tupu.

Siku ya tatu mlango wa mbele ulifungika. Paluma aliufungua, akaufunga, akaufungua tena, akamwita Semeni aje aone. Siku ya tano bakuli lilitulia katikati ya meza. Siku ya saba, jua lilipochomoza, uyoga ulitokea chumbani kwa Bi Keto, mpana kama ungo, mweupe, umebebana mmoja juu ya mwingine hadi dirishani. Harufu yake ilifika mtaa wa tatu. Watu waliacha mafagio wakaja. Walisimama uani wakiwa na njaa yao na mshangao wao, wakaona kwamba nyumba ya Paluma peke yake ndiyo iliyosimama wima.

Ndavo alifika saa nne, pamoja na kambi zote mbili. Aliingia, akatazama, akatoka. Uso wake ulikuwa wa furaha kabisa.

"Wananchi," alisema, "mmeiona tija ya kufagia mara tatu! Hii ndiyo nyumba safi kuliko zote nchini. Hapa patasakafiwa jiwe linalong'aa, pasikanyagwe tena. Na Bwana Paluma kuanzia leo ni mjumbe wa Baraza. Bwana Paluma, hebu waambie wenzako. Hapa chumbani umefanya nini?"

Aliyasema haya akimkazia macho, na Semeni, aliyekuwa amesimama karibu, anaapa kwamba mzee yule alikuwa amekwisha kuelewa. Alikuwa anampa Paluma njia ya kutokea. Neno moja tu lilihitajika. Nimefagia.

Paluma alijua adhabu ya kuchafua. Ni kupelekwa Jabalini mzima, ukaachwe na takataka wenzako. Aliangalia viganja vyake. Bado vilikuwa na udongo kwenye kucha, siku saba, hakunawa.

"Nimemzika mama yangu," alisema. "Mlishi alikuwa na njaa. Mama aliniuliza kama yeye ni takataka, na mimi nilikaa kimya. Leo najibu mbele yenu wote. Mama yangu si takataka. Huo uyoga mnaounusa ni mkono wake. Chukueni, kuleni."

Watu walirudi nyuma. Mama mmoja alitapika kwenye kikopo chake. Ndavo alifumba macho kwa huzuni, maana ni kweli alikuwa amejaribu, akasema sheria ifuate mkondo wake. Na kwa kuwa jambo lenyewe lilikuwa kubwa, akaamuru umma mzima uende Jabalini ukashuhudie, liwe funzo. Hapo ndipo alipokosea. Tangu mababu, hakuna aliyefika kule akarudi isipokuwa wachukuzi waliofungwa macho, na vitambaa vya macho havikutosha hata robo ya watu.

Walitembea siku nzima wakifuata kamba. Paluma alikuwa mbele, mikono imefungwa, na Semeni alimfuata nyuma hatua moja. Jua lilikuwa bado juu ya upeo walipoufikia mwamba. Juu yake yalionekana marundo ya majani ya miaka na miaka, makavu, hayajaoza kwa kukosa wa kuyaozesha, na safu za wafu wa Umeta wamelala kwenye jiwe, wakavu vilevile, wa zamani wamebaki mifupa. Lakini hakuna aliyeangalia juu kwa muda mrefu. Mtu wa mbele alisimama, wa nyuma wakamgonga, nao wakasimama.

Chini ya mwamba, kuuzunguka wote, Mlishi alikuwa ametoka ardhini. Nyuzi zake zilikuwa zimeubana ule ukuta wa jiwe kila mahali. Zilikuwa zimepanda, zikakauka, nyingine zikapanda juu ya zile zilizokauka, zikakauka nazo, tabaka juu ya tabaka, mwaka juu ya mwaka. Mahali pa juu kabisa zilikuwa zimefika kimo cha watu watatu. Hazikufika kileleni.

Vitabu vilisema Mlishi hafiki Jabalini. Alikuwa amewafuata wafu wao muda wote.

Ndavo alianza kusema kwamba jambo hili litahitaji kamati. Sauti yake ilikuwa laini kama siku zote, lakini watu walikuwa wanampita, kulia na kushoto kwake, wanapanda mwamba. Mtu fulani alimfungua Paluma mikono, na Semeni hakumbuki ni nani. Walipanda bila kusukumana. Juu walitawanyika wakiinama safu kwa safu, kila mmoja akitafuta wake.

Wa kwanza kushuka alikuwa bibi mmoja mdaka majani, mgongo umepinda kwa miaka ya kuangalia juu. Alikuwa amebeba mifupa ya mumewe kwenye kile kitambaa cheupe cha kazi. Alipiga magoti penye nyuzi, akakikunjua kitambaa, akailaza mifupa mmoja mmoja, bila haraka. Kisha akaweka kiganja ardhini, kama unavyomgusa mgeni uliyemkalisha sebuleni tangu asubuhi, ukaja kumkumbuka jua linatua.

"Tusamehe," alisema. "Chakula kimechelewa."